Mluzi wa Kunyweshea

Kupanda farasi nilijifunzia juu ya punda wa baba, kijijini Samuye, nikichunga ng'ombe. Leo nina medali ukutani, lakini nusura nisianze kabisa.

Mwalimu wetu wa kupanda farasi alikuwa anachagua mmoja wetu wa kwenda kushindana Arusha. Unaruka magogo, unakatiza bwawa, unamalizia na vizuizi. Farasi akigoma mara tatu, umetoka. Wangu akagoma bwawani mara mbili. Wenzangu wakaanza: "Karudie punda wako!"

Nikapiga mluzi, ule tunaowapigia ng'ombe wakinywa maji. Hata farasi huyu nilikuwa namnywesha hivyo kila jioni. Akaingia bwawani bila ubishi, akainamisha kichwa, akanywa.

"We kijana, umekuja kuruka au kunywesha?" mwalimu akapaza sauti.

"Shikamoo mwalimu! Ana kiu!"

Walicheka mpaka wakakaa chini. Mimi sikushuka. Nikavuta hatamu kichwa kikainuka, nikambana kwa miguu, tukatoka tumelowa, tukaruka vizuizi vyote na hakuna kilichodondoka.

Mwalimu akaja ananitazama. "Utaenda. Ila huko usipige mluzi."

"Nitapiga, mwalimu," nikamwambia. "Ila nitamnywesha kwanza."