Asilimia Mia za Bi Pindo

Kama kuna kitu ambacho Bi Pindo hakuweza kukivumilia duniani, ni vumbi. Kwa miaka ishirini na tisa alikalia kiti cha dirishani katika karakana ya kushona sare za shule, akishona mapindo ya sketi, na kwa miaka yote hiyo hakuna aliyewahi kumwona akiinuka bila kuifunika cherehani yake, hata kama anakwenda msalani tu. Alisema vumbi la vitambaa likichanganyika na mafuta linageuka uji, na cherehani iliyokula uji haishoni. Wasichana wote waliopita mikononi mwake walifundishwa hilo kabla ya kufundishwa kutunga uzi sindanoni. Nyumbani mambo yalikuwa yaleyale. Redio ilikuwa na kitambaa chake, jagi la maji na chake, na rimoti ya televisheni ilivalishwa mfuko wa nailoni mpaka mwanawe akachoka kumcheka.

Kisha kiharusi kikampata. Madaktari walisema ni kiharusi kidogo, kama vile kuna kiharusi kidogo kwa aliyeanguka nacho. Mguu ulirudi baada ya wiki mbili, mdomo ukanyooka, ila mkono wa kulia ulibaki umezubaa, na dole gumba ndilo lililokuwa kaidi kuliko yote. Lilishika kitu kwa sekunde moja au mbili, kisha likaachia lenyewe. Bi Pindo aliona haya. Akaanza kujitanda mtandio kwa namna ambayo mkono ule ulikaa ndani saa zote, na wageni waliokuja kumjulia hali aliwasalimia kwa maneno matupu.

Msimamizi wa karakana naye alikuja. Si mtu mbaya, ila maneno yake ni ya kuhesabu. Alimwambia kwamba kile kiti kimeshikiliwa kwa muda na binti mmoja, na kwamba mwisho wa mwezi ujao aende akashone pindo la sketi moja, kwa mkono, mbele yake. Likiwa sawa, kiti ni chake. Lisipokuwa sawa, kiti kitabaki kwa yule binti. Bi Pindo alijibu kwamba amesikia. Mlango ulipofungwa alilia kidogo, akajifuta macho, akajifunga kibwebwe.

Mtaalamu wa mazoezi ya viungo, mama mmoja mcheshi pale hospitalini, ndiye aliyemuuliza kama nyumbani kuna kigemu cha mkononi. Kilikuwepo. Mjukuu wake alikiacha alipokwenda shule ya bweni, kwa sababu huko haviruhusiwi: kimoja cha kukunjuka, kioo upande wa juu na vitufe upande wa chini. Mtaalamu akamwandikia jina la mchezo kwenye karatasi. Mchezaji anashikilia kitufe, uzi unapenya kwenye matundu polepole, na akiachia mapema uzi unaanguka. Nusu saa kila siku, dole gumba litakumbuka kazi yake. Tatizo ni kwamba mchezo huo haukuwemo ndani ya kigemu, ilibidi upakuliwe kutoka mtandaoni.

"Na uupakue mwenyewe," mtaalamu alisema, "kwa mkono huohuo mgonjwa. Kila kitufe utakachobonyeza ni zoezi."

Mwanawe alipopata habari akajitolea kwenda nacho kazini, ambako mtandao una kasi, akirudishe jioni kikiwa tayari. Bi Pindo akakataa katakata. Mwana akabembeleza, akasema ni jambo la saa moja tu, kwa nini mtu ajitese.

"Mwanangu, dole gumba linaloumwa ni langu au lako?"

Mwana akakiacha kigemu mezani, maana anaujua ukaidi wa mama yake.

Siku ya kwanza ilimchukua asubuhi nzima kuandika jina la mchezo. Alivaa miwani, akabonyeza herufi moja moja, na dole likawa linateleza na kuandika herufi ya jirani. Akafuta, akaandika tena. Hatimaye akalifikia neno "Pakua", akalibonyeza, na mstari mwembamba wa kijani ukatokea na namba pembeni yake: asilimia moja. Alifurahi, acha. Akakikunja kigemu taratibu, akakitandazia kitambaa juu, akaenda kufua. Aliporudi na kukifungua, mstari haukuwepo, na kigemu kikamuuliza kama anataka kuanza upya.

Akaanza upya. Siku tatu mfululizo ikawa habari ni hiyohiyo. Aliulaumu mtandao wa nyumbani, akaulaumu ukuta, akaihamisha meza kutoka chumbani hadi sebuleni, akamlaumu na jirani anayechomelea vyuma. Safari moja alikaa akakitazama mpaka kikafika asilimia tisa, kisha birika likachemka. Akakifunika, akaenda kuipua birika, na tisa ikayeyuka.

Huenda wewe unayesoma umeshaona kosa liko wapi na unatamani kumpigia kelele. Yeye hakuliona. Nawe ungekuwa umefunika cherehani kwa miaka ishirini na tisa, usingeliona.

Wiki ya kwanza ikaisha hivyo, na mwezi hausubiri mtu. Mahali pekee penye mtandao wa nguvu anapoweza kwenda kwa miguu yake palikuwa karakana; mtandao ulitoka ofisini kwa msimamizi, na wafanyakazi wote wanaruhusiwa kuutumia. Tatizo halikuwa njia. Tatizo lilikuwa kuingia mle ndani na mkono wake chini ya mtandio, mbele ya watu ishirini aliowafundisha kazi. Usiku huo alijigeuza kitandani, na asubuhi akaoga, akapiga moyo konde, akaenda.

Walimpokea vizuri mno, na uzuri ule ndio uliomchoma, kwa sababu kila mmoja alikwepa kutazama upande wa kulia. Akapewa benchi karibu na meza ya kukatia vitambaa. Kiti chake cha dirishani alikiona, na aliyekikalia ni binti mwembamba, mwepesi wa mikono, ambaye yeye mwenyewe alimfundisha mwaka juzi. Binti aliinuka nusu kama anayetaka kuondoka. Bi Pindo akamwashiria akae, aendelee na kazi.

Kwa mtandao ule mstari wa kijani ulikwenda mbio. Kumi, ishirini, thelathini na tano. Ilipofika arobaini akahitaji kwenda msalani. Akakikunja kigemu, akachukua kipande cha kitambaa mezani, akakifunika kila pembe, akaenda. Aliporudi akakuta yule binti amesimama kando ya benchi, anakitazama kile kifurushi, na uso wake hauelewi ucheke au ulie.

"Mama, mbona unakifunga?"

"Vumbi."

"Kikifungwa kinalala. Kikilala hakipakui kitu. Lazima kibaki wazi mpaka kifike mia."

Bi Pindo aliketi. Siku saba nzima zilimpita mbele ya macho: meza iliyohamishwa, ukuta, jirani maskini wa watu na vyuma vyake. Alimuuliza binti kwa nini hakukifungua alipokiona kimefunikwa.

"Wewe ndiye uliyetufundisha tusifunue kitu cha fundi mwenzetu," binti akajibu, na hapo wote wawili wakacheka mpaka msimamizi akachungulia mlangoni.

Akaanza tena kutoka sifuri, safari hii kigemu kikiwa wazi. Nyuzi na vumbi la vitambaa vilitua juu ya kioo, naye akavipuliza kwa mdomo, roho inamuuma. Hakuinuka hata kwa chai. Saa saba mchana namba ikagonga mia. Kisha, kama vile kumjaribu, kioo kikaandika kwamba nafasi haitoshi: futa mchezo mmoja. Ulikuwepo ule wa magari ambao mjukuu alishauchoka siku nyingi. Maelekezo yakasema abonyeze kitufe cha kulia na kukishikilia mpaka duara lijae, sekunde tano.

Dole gumba liliachia sekunde ya pili. Akajaribu tena, ya pili. Tena, ya tatu. Mkono ulikuwa ndani ya mtandio, na kitambaa kilimtelezesha. Binti, aliyekuwa anakula chakula chake pale pale, akamwambia kwa sauti ndogo atumie kidole cha kushoto, ni jambo la dakika moja tu, hakuna atakayejua.

"Mimi nitajua," Bi Pindo alisema.

Akautupa mtandio begani. Mkono ukatoka nje, umekonda, umepauka, vidole vimejikunja, na karakana nzima ikauona. Cherehani mbili tatu zilinyamaza. Akaona haya mpaka masikio yakawaka, lakini hakuurudisha. Akaweka dole juu ya kitufe, akauma meno, akahesabu kwa sauti kama anavyowahesabia wanafunzi wake mishono. Mara ya sita duara lilijaa hadi robo tatu, likafutika. Mara ya tisa lilijaa lote. Mchezo wa magari ukatoweka, mchezo wa uzi ukakaa mahali pake, na Bi Pindo akatokwa na jasho utadhani amebeba gunia.

Kuanzia siku hiyo alicheza kila asubuhi mezani kwake. Wiki ya kwanza uzi wake ulianguka kwenye tundu la pili. Wiki ya tatu ulifika la kumi na nne. Sitakudanganya kwamba mkono ulirudi wote.

Mwisho wa mwezi ulipofika, aliingia karakana saa mbili asubuhi bila kujitanda. Msimamizi akampa sketi ya buluu, sindano na uzi, akasimama na saa yake. Kutunga uzi peke yake kulichukua dakika nne. Robo ya kwanza ya pindo ilikwenda vizuri, nusu ikaenda polepole, na kwenye robo ya mwisho dole likachoka. Sindano ikaanguka. Akaiokota. Ikaanguka tena. Msimamizi akakohoa, na kwa huruma ambayo ilikuwa mbaya kuliko ukali akasema yatosha, tumeona, mama akapumzike, atajaribu siku nyingine. Akanyoosha mkono akaanza kuikunja ile sketi.

"Usiikunje," Bi Pindo alisema. "Haijafika mia."

Msimamizi hakuelewa. Binti wa dirishani alielewa, na akasimama, akaja, akaikunjua sketi ile mapajani mwa mwalimu wake kama ilivyokuwa.

Akashona. Sindano ilianguka mara tatu zaidi, na mara tatu aliiokota kwa mkono uleule. Watu walikwenda kunywa chai wakarudi. Alipokata uzi, msimamizi alilipeleka pindo dirishani penye mwanga, akalipima kwa rula kutoka mwanzo hadi mwisho, akaligeuza upande wa ndani, akalipima tena. Mishono kumi ya mwisho ilikuwa mipana kidogo. Pindo lenyewe lilikuwa limenyooka.

Aliagiza kiti cha pili na cherehani ya pili viletwe dirishani. Bi Pindo ataanza kwa nusu siku, alisema, na kama mkono utaongezeka, naye atamwongezea saa. Binti alikuwa ameshakileta kiti kabla maneno hayajaisha.

Adhuhuri, muda wake ulipokwisha, Bi Pindo alichukua kitambaa chake cha zamani, akaifunika cherehani kwa mkono wa kulia, pembe baada ya pembe, bila haraka. Mtandio alikuwa ameuacha nyumbani.