Mzee Aliyechora Mto kwa Fimbo

Tulikuwa wanne, na wote nawataja ili usiseme bibi ameota. Mimi. Akiru, binti yangu wa mwisho, mimba ya miezi saba. Lokwang, mdogo wa marehemu mume wangu Ewoi, baba mmoja mama mmoja. Na Nyandeng, mama wa Sudan Kusini kutoka kambi ya wakimbizi, aliyezoea kununua kuni kwangu. Ilikuwa asubuhi, jua linawaka, si usiku wa kusema giza lilitudanganya.

Wewe usiyejua Kakuma, sikiliza kwanza. Mto wetu ni Tarach. Unazaliwa milimani upande wa Uganda, unashuka, unapita kwetu, halafu unakwenda kufia mchangani huko kaskazini bila kuliona ziwa. Siku nyingi ni mchanga mtupu. Mvua ikinyesha Uganda, sisi huku hatuna hata wingu, tunashtukia maji yamefika na hasira zake. Na hauna njia moja. Leo unapita hapa, kesho umevunja ukingo, umebeba nyumba za jirani.

Ukingoni kila familia ina ekwar yake, ndiyo kipande chake cha miti. Hakina ua wala karatasi. Mipaka iko kichwani. Kiangazi mbuzi wangu walikula mbegu za migunga ya Ewoi. Miti ikienda, mbuzi wamekwenda, na mimi nimebaki kungoja chakula cha msaada.

Sasa, msimu uliotangulia siku hiyo mto ulikuwa umehama, umerukia ng'ambo. Lokwang akaja na shoka.

"Mama Akiru, ekwar ni ya mto," akasema. "Mto umekwenda. Hizi sasa ni kuni tu, nachoma makaa."

"Ni miti ya kaka yako!"

"Kaka yangu naye amekwenda. Mwambie aje anizuie."

Akaanza kukata. Akiru akashika mpini wa shoka. Lokwang akamsukuma, binti yangu akaanguka na tumbo lake. Nikamrukia, nikamuuma kiganja mpaka nikaonja damu. Nyandeng akapiga kelele, "Mama, acha! Mama, angalia kule!"

Mzee alikuwa anakuja katikati ya mto mkavu, kutoka upande wa juu. Mrefu, shuka begani, anaburuta fimbo mchangani. Mstari aliouacha nyuma ulikuwa umelowa. Niamini. Mchanga ule ukichimba urefu wa mtu hupati tone, lakini pale ulikuwa mweusi kwa maji, na vyura wadogo wanatoka wanarukaruka.

"Ejok," akatusalimu. Hakuna aliyeitika.

Lokwang akamcheka. "Mzee, umetumwa na serikali? Unapima barabara?"

"Natafuta pa kulala." Akanigeukia mimi. "Mama, ekwar yako inaishia wapi?"

Kwetu mtu hadanganyi mpaka wa ekwar akiwa amesimama mtoni. Hata mtoto anajua. Mpaka wa Ewoi ulikuwa kwenye kichuguu. Alinionyesha mwenyewe mwaka alionioa. Kupita kichuguu, migunga ilikuwa ya Lokwang. Lakini nilikuwa na damu mdomoni na moto moyoni. Nikanyoosha mkono, nikakipita kichuguu kwa kidole, nikaonyesha mpaka kwenye kona ya mto.

"Mpaka kule. Yote yangu."

Mzee akaanza kuchora, akifuata kidole changu.

"Mwongo wewe, na huyu mchawi wako!" Lokwang akamkata mzee kichwani kwa shoka, kwa makali. Unafikiri ilitoka damu? Yalitoka maji, mekundu ya matope, kama ya mafuriko. Mzee akamtazama kama anavyotazamwa mbu. Akamgonga goti kwa fimbo, mara moja tu. Nilisikia mfupa ukivunjika.

Hapo ikaja ngurumo ya maji kutoka upande wa juu wa mto, na mbingu safi kabisa.

Mimi na Nyandeng tulimburuta Akiru mpaka juu ya ukingo. Lokwang alikuwa anatambaa nyuma yetu. "Shemeji! Shemeji, mkono!" Nikarudi, nikalala kifudifudi, nikaushika. Ulikuwa ule niliouuma. Ulikuwa unateleza kwa damu. Maji yakamfika kifuani, vidole vikachomoka kimoja kimoja.

Mto ulifuata mstari wa fimbo. Uling'oa migunga ya Ewoi, ukapita kichuguu, ukang'oa ya Lokwang, na kwenye kona ile ile nilipoonyesha ukageuka ukarudi kwenye njia yake. Mzee hatukumwona tena. Lokwang alipatikana siku ya pili, amenaswa kwenye mizizi ya mti wake mwenyewe.

Mtoto wa Akiru alizaliwa siku ile ile ya mafuriko; yuko hai, mdogo wa mwili. Mbuzi waliisha kiangazi kilichofuata. Sasa tunakaa Lodwar, na mto wa huku, Turkwel, siendi hata kunawa miguu. Wewe uliye kando ya mto unaohama, ukiulizwa mpaka wako, sema ulipo kweli, hata kama adui yako amekushikia shoka. Na mgeni akikusalimu, itika.

Nyandeng bado yuko Kakuma. Yeye anasema mzee alisalimu mara mbili. Mimi nakumbuka mara moja. Kama nimekosea, nirekebisheni, mimi sikusoma. Watoto wa Lokwang, Ekai na Nakiru na Lomuria, wananiuliza ni nani aliyeachia mkono. Nawaambia ni damu. Kama kuna aliyekuwa ng'ambo siku ile akaona vingine, aje aseme, nikiwa bado hai.