Shingo Yangu na Maji ya Muhazi

Nakumbuka Jumamosi moja asubuhi pale Remera, mtaa wa Kigali, nimesimama na begi begani, na kutulia siwezi. Unanijua, mwanangu. Hata sasa nikikaa kitini mguu unacheza wenyewe. Basi wakati ule nilikuwa msichana, vita viko kaskazini, na Kigali nzima inageuza shingo kila pikipiki ikilipua moshi. Mimi nilikuwa nageuza kuliko wote.

Tulikuwa tunangoja gari la kutupeleka ziwa Muhazi, mimi na Esperansi. Alikuwa jirani yangu wa Kabeza na mwenzangu wa mtumbwi, ule mwembamba wa mashindano, wa watu wawili. Siku hiyo tulikuwa tunapimwa: jozi ya wasichana itakayoshinda ndiyo ingekwenda kushindana Bujumbura, ng'ambo ya mpaka. Mimi nilitaka kushinda kwa sababu napenda kushinda, sifichi. Esperansi alikuwa na lake. Mama yake alikimbilia Bujumbura, Watutsi walipokuwa wanateswa, akamwacha kwa bibi, yeye bado mtoto wa kubebwa, na kila alipoomba ruhusa ya kwenda kumwona alinyimwa. Safari ya timu ndiyo njia pekee iliyobaki.

Mwalimu wetu alikuwa mtawa, Masera Generoza, mfupi, mkali, aliyejifunza kupiga makasia huko Ubelgiji alikokwenda kusoma. Alikuwa anasimama ukingoni na kanzu yake ya kitawa, filimbi imelala juu ya msalaba wake wa kifuani, akitukaripia kwa Kinyarwanda, Kifaransa na Kiswahili, zote kwa pumzi moja. Wanawake waliokuja kuteka maji walikuwa wanatucheka, ati kwa viganja vile vya sugu nani atatuoa. Shauri yao. Mimi niliolewa, tena na mtu mzuri.

Sasa nielewe hapa. Mpiga makasia wa mashindano anakwenda kinyumenyume, mgongo ndio unaotangulia. Unaowaacha unawaona, waliokutangulia huwaoni. Esperansi alikaa nyuma ya mgongo wangu, na yeye peke yake ndiye aliyeruhusiwa kugeuka kutazama tunakokwenda. Kazi yangu ilikuwa kuweka mwendo na kutulia. Kutulia, mimi! Nikihisi kimya kidogo tu nageuka, mtumbwi unayumba, kasia linanasa majini, tunasimama.

Asubuhi hiyo, kabla hatujaingia mtumbwini, Masera alinishika kidevu.

"Hii shingo yako iko na kazi gani?" akaniuliza. "Unageuka kwa sababu humwamini huyu. Kama humwamini, shuka sasa hivi, nimtafutie mwingine. Yeye anakwenda kwa mama yake, wewe unakwenda kutazama watu."

Yewe! Niliwaka uso mzima. Jibu lilikuwa limeshafika ulimini, lakini nilimwona Esperansi ameinama anafunga kamba za kiatu ambazo tayari zilikuwa zimefungwa. Nikaingia mtumbwini, nikakaa.

Tulishindana na wasichana wawili wa mtaa wa Kiyovu, warefu, wenye nguvu kweli. Filimbi ikalia. Tukavuta, tukavuta, na mbele ya macho yangu yakawa maji matupu. Hakuna mtu. Unajua maana yake? Maana yake wenzetu wametutangulia, wako huko mgongoni, na sijui wako mbali kiasi gani. Shingo inawasha kama imeumwa na siafu. Nikasema, "Wako wapi?" Esperansi hakujibu. Nikauliza tena. Kimya, pumzi yake tu nyuma ya sikio langu, inaingia, inatoka, haijakatika. Nikajiambia, huyu anataka kumwona mama yake kuliko mimi ninavyotaka chochote duniani. Kama hasemi, basi hakuna ninalohitaji kujua. Nikaifuata pumzi ile.

Kisha pembeni mwa jicho ikatokea ncha ya mtumbwi wao, sehemu ya nyuma. Baadaye mgongo wa kwanza. Baadaye wa pili. Nilipoiona migongo yote miwili iko mbele ya uso wangu, nililia huku navuta.

Bujumbura hatukushinda, tulishindwa vibaya tu, wala sikujali. Mama yake Esperansi alikuwa ukingoni tangu asubuhi. Alimshika mwanawe mikono, akavigeuza viganja, akasema, "Mbona hivi ni viganja vya mwanaume?" Wakacheka, wakashikana, hawakuachana mpaka gari letu lilipowashwa.

Mwaka wa tisini na nne, katika mauaji ya kimbari dhidi ya Watutsi, Esperansi aliuawa pamoja na bibi yake. Hapo sina la kuongeza, nisamehe.

Mwisho wa mwaka huo huo mama yake alirudi nchini, akaulizia mpaka akanipata Kabeza. Hakusalimia. Aliingia, akaketi, akachukua mikono yangu akaigeuza, akawa anazipapasa sugu moja moja kwa kidole gumba. "Zilikuwa hivi hivi," akasema. Tukakaa hivyo mpaka chai niliyokuwa nimeandaa ikapoa.

Ndiyo maana nimekuita, mwanangu. Nakuona na simu yako, kila saa unatazama fulani amefika wapi, fulani amekupita kwa kiasi gani, na mwenzako uliyenaye humsikilizi. Hujatulia, na mimi wa kukucheka sio. Ila nakuambia, walio mbele yako huwezi kuwavuta nyuma kwa kuwatazama. Weka mwendo wako, na aliyekaa nyuma ya mgongo wako mwamini, maana huenda katika mtumbwi huo huo yeye amebeba jambo kubwa kuliko ushindi wako. Mimi siku ile sikugeuka, na mama mmoja akamshika mtoto wake. Ilikuwa mara ya mwisho.

Imana ikurinde, Mungu akulinde. Akupe mwenzi wa kweli na shingo iliyotulia, na viganja vyako siku moja vimfariji mtu.