Kimya Alichokikata

Saa tatu asubuhi, msanii amepiga magoti sakafuni akikunjua shuka jeupe. Chumba kinanuka rangi. Projekta imekaa juu ya ndoo iliyopinduliwa, na picha ya mlango wa buluu inaangukia ukutani ikiwa imepinda. Anaisogeza ndoo, anatazama, anasonya.

"Mlango wenyewe wa nyumba waliyoihama wazazi siujui," anasema. "Niliuchora kwa maneno ya mama."

Kwa miaka saba, mwanamke huyu wa miaka thelathini na minane amerekodi sauti za watu waliohama makwao, akiziunganisha na picha, michoro na nguo kuukuu. Kazi hiyo haimlishi. Kinachomlisha ni video za harusi, mbili au tatu kwa mwezi, na miezi mingine hata moja hakuna. Majirani humwita Mama Waya, kwa zile nyaya zinazotambaa hadi barazani, naye amelizoea jina.

Maonyesho yatafunguliwa baada ya siku kumi na mbili. Kiini chake ni sauti ya mama yake mzazi, akisimulia walivyohama kwa miguu, yeye, mumewe na mdogo wake. Zilikuwa dakika arobaini. Msanii alizisafisha: akaondoa kikohozi, kelele za sufuria na kila mahali mama aliponyamaza. Zikabaki kumi na tisa. Kisha akaifuta rekodi ya awali, maana kompyuta ilikuwa imejaa harusi za watu.

Mwezi uliofuata mama alipata kiharusi. Hajasema neno tangu hapo.

Juma lililopita mama mdogo alikuja kusikiliza. Alisikiliza mpaka mwisho, akavua miwani.

"Mwanangu, pale mtoni mbona anapita mbio? Dada hajawahi kupita pale mbio."

"Alinyamaza kweli, mama mdogo. Kikawa kimya kirefu mno, nikakikata."

"Ukakikata? Pale ndipo alipomzika kaka yako."

Msanii hakujua kama aliwahi kuwa na kaka. Kaka huyo alikuwa mtoto wa miezi minane, homa ilimchukua njiani. Mama hakumtaja tena. Kila simulizi ilipofika mtoni alinyamaza, kisha akaendelea.

"Najigamba nahifadhi kumbukumbu," anasema, machozi yakimlengalenga. "Kumbe nimemfuta mtoto wa watu. Tena wa kwetu."

Wasanii wenzake walimshauri apachike kimya kingine chochote. Alijaribu. Kilisikika kama kompyuta iliyozimwa, akakitoa.

Chumba cha pili, mama ameketi dirishani, kanga magotini. Haijulikani anaelewa kiasi gani. Daktari naye hana uhakika.

"Mama mdogo amenipa jina la mtoto," msanii anasema kwa sauti ya chini. "Jumapili nitamleta mama hapa, nisimamishe sauti pale mtoni, nilitaje."

Anaulizwa: na mama asipoonyesha dalili yoyote?



"Nitangoja naye. Hata ikiwa kutwa nzima."