Vizingiti Vitatu, au Vinne

Nilifika Ibra nikiwa na kanzu mbili, nusu ya cheti cha skuli, na njia ya kwenda nyumbani niliyoihifadhi kichwani tangu nina miaka sita. Nusu nyingine ya cheti aliila mbuzi. Nitaeleza.

Njia alinifundisha bibi yangu, mama yake baba, aliyetoka Ibra, mji wa bara ya Maskati, bado msichana akaja kuolewa Unguja, asirudi tena. Watoto wenzangu walikuwa wakiimbiwa ili walale. Mimi nilisomeshwa njia. "Ingia lango dogo la upande wa mitende. Fuata maji mpaka wanapooga. Hesabu vizingiti vitatu. Kata kushoto penye tanuri. Utaona tundu ukutani la kupitishia makaa. Mlango unaofuata, kizingiti chake kina pengo. Hapo ndipo kwetu." Lile pengo lilikuwa kazi yake mwenyewe. Aliangusha mchi akiwa na miaka minane, akachapwa, na uzeeni bado alilisimulia kwa fahari kama mtu aliyeteka ngome.

Nilisafiri katikati ya miaka ya sabini, na safari haikuwa fupi. Nilitoka Dar es Salaam kwa basi hadi Mombasa, nikapanda meli ya mizigo iliyobeba majani ya chai hadi Karachi, ambako tumbo liliniweka chini wiki mbili. Nikapata meli nyingine hadi Dubai, kisha gari la wazi hadi Maskati, saba tumekaa pahala pa watatu. Kila nilipokata tamaa niliisoma ile njia kimoyomoyo. Kutoka Maskati nilipanda lori la mchele na mbuzi, likifuata mabonde makavu yenye mawe. Mbuzi walikuwa wanarudishwa Sinaw kwa kukosa mnunuzi, na mmoja wao nadhani ndiyo sababu wenziwe hawakununuliwa. Nililala kidogo, nilipoamka ametoa cheti mfukoni mwangu na amefika kwenye alama za hesabu. Zilikuwa alama zangu nzuri kuliko zote.

Karatasi niliyoingilia nchini ilikuwa imebakisha siku kumi. Nikitaka pasipoti sharti nipate barua ya sheikh wa mtaa, aseme huyu ni wetu. Nikiikosa, nirudi nilikotoka, na nilikotoka nilikuwa nimeondoka bila kuaga serikali.

Sheikh alinikaribisha vizuri, kahawa na tende, akanisikiliza mpaka mwisho. Nilimwambia kwa Kiarabu changu cha chuo cha Kurani, ambacho kwake lazima kilisikika kama hotuba ya Ijumaa, kuwa nyumba yetu ilikuwa karibu na falaj, ule mfereji unaopitisha maji mji mzima.

"Kila anayetoka Afrika huniambia nyumba yao ilikuwa karibu na maji," akasema. "Mwanangu, sisi sote tuko karibu na maji. Aliyekaa mbali nayo amekwisha kufa."

Akasema hawezi kuandika barua kwa nyumba asiyoijua. Ijumaa baada ya sala nimwoneshe mlango kwa kidole, mbele ya shahidi, naye ataandika. Kufika Ijumaa zilibaki siku nne.

Aliyejitolea kunitembeza mjini alikuwa askari wa ofisi ya liwali, mzaliwa wa mtaa ule ule, mtu mrefu mwenye jambia kiunoni na sauti ya gwaride. Alinichukua asubuhi tukazunguka mji wa kale peke yetu, saa tatu nzima. Yote aliyonionesha yalihusu watu kupigana. Hapa fulani alimpiga fulani risasi. Pale nduguye fulani alilipiza. Tundu lile la mnara ni la risasi iliyomkosa babu yake, na lile lingine la iliyompata. Nilimwuliza kama kuna mtu yeyote aliyekufa kwa homa. Alifikiri sana, akaniambia hao wako mtaa wa pili.

Nami nikawa natafuta tanuri, tundu la makaa, pengo. Kila nilichomwuliza alisema hakijui. Mwisho nikamwuliza wanapooga ni wapi. Akanipeleka pahala pa kuogea wanaume. Nikahesabu vizingiti vitatu, nikakata kushoto, nikafika kwenye ghala la majani ya ng'ombe. Nikamwuliza, hakuna pahala pengine pa kuogea? Akasimama. Akasema pengine ni pa wanawake. Tulirudi, na mkono wake haukuondoka kwenye jambia.

Usiku ule ndipo akili ilipofunguka. Bibi alikuwa mwanamke. Naandika hivi leo nikiona haya, lakini miaka yote ile sikuwahi kulifikiri jambo hilo. Mji ule ulikuwa na njia za wanaume, pana, zenye minara na risasi, na ulikuwa na njia za wanawake, za nyuma, zinazotoka jikoni hadi majini na kurudi bila mwanamume kupita. Bibi alinipa njia pekee aliyoijua. Nilivuka bahari na ramani ambayo mtu mwenye ndevu haruhusiwi kuitumia.

Mtu mwenye busara angesema basi. Mimi asubuhi niliingia lango dogo la upande wa mitende, nikayafuata maji. Nilifika wanapooga. Ninachokumbuka ni ukuta mfupi, mayowe, na ndoo ya maji ya sabuni iliyorushwa na mtu mwenye shabaha nzuri. Kabla ya adhuhuri nilikuwa mbele ya sheikh, nimelowa, nanukia kama nguo ya sikukuu, na askari amesimama nyuma yangu anaeleza kuwa yeye aliniona tangu jana kuwa ni mtu wa aina gani.

Sheikh hakukasirika, alihuzunika, na hiyo ilikuwa mbaya zaidi. Aliniuliza nina la kusema. Sikuwa na Kiarabu cha kutosha kwa mambo kama yale. Nikaisoma njia kama nilivyofundishwa, kwa Kiswahili, tangu lango dogo hadi pengo, maji yakinichuruzika kwenye busati lake.

Nilimaliza. Kisha nyuma ya pazia la mlango wa ndani ikatoka sauti ya mwanamke mzee, Kiswahili cha Unguja mjini kisichokuwa na doa.

"Hebu rudia hapo penye tanuri."

"Shikamoo, bibi."

"Marahaba. Rudia."

"Kata kushoto penye tanuri. Utaona tundu ukutani la kupitishia makaa."

"Na kabla ya tanuri, vizingiti vingapi?"

"Vitatu."

"Vinne," akasema. "Bibi yako tangu utotoni hajui kuhesabu. Ukimpa makaa matatu anasema umempa mawili. Mimi ndiye niliyekuwa upande wa pili wa tundu."

Alikuwa mama yake sheikh. Alikaa Unguja, mtaa wa Malindi, miaka ishirini na mumewe, na muda wote huo walipokutana na bibi yangu harusini walibishana juu ya vizingiti. Alimgeukia mwanawe kwa Kiarabu. Sheikh akajibu kwa adabu kuwa neno la mama liko juu ya kichwa chake, lakini barua inataka aone kwa macho. Mama akasema basi inukeni mkaone. Sheikh akasema njia ile wanaume hawapiti. Mama akasema watapita leo, nyuma yake, macho chini, na atakayeinua uso atapata bakora.

Ndivyo nilivyotembezwa Ibra kwa mara ya pili. Mbele bibi na bakora yake, akikohoa na kuita ili wanawake waingie ndani au wajifunike. Nyuma yake mimi, kichwani nimefunikwa kanga yake kama mwali. Nyuma yangu sheikh, na wa mwisho askari, shahidi, aliyekuja kwa kulazimishwa. Wanaume watatu tunatazama chini. Wale wawili walizaliwa mji ule na njia ile hawajapata kuikanyaga tangu walipoota ndevu.

Miaka mingi baadaye nililipa fedha nzuri nitembezwe mji mmoja wa kale wa Hispania. Mwanamke mwenye mwavuli mwekundu alituonesha kuta na mifereji ya maji iliyochimbwa na watu wanaosali kama sisi, akatuhimiza tutazame juu, dari, nakshi, minara. Mimi nikajikuta natazama visigino vyake na kungoja akohoe.

Visigino vya bibi yule vilikuwa vimepasuka na vimetiwa hina. Sikuona kingine, na sikuhitaji, maana kila alichonifundisha bibi yangu kilikuwa chini, pahala anapotazama msichana aliyebeba mtungi. Niliona kizingiti cha kwanza. Niliona cha pili. Kisha sheikh akanikanyaga kanzu, nikajikwaa, askari akamgonga sheikh, na tulipojipanga upya tumekwisha fika penye tanuri. Hesabu ikapotea. Niliona jivu. Nilipapasa ukuta nikalipata tundu, limezibwa kwa kopo la maziwa ya unga. Hatua nne mbele kulikuwa na kizingiti cha mti mweusi, kwenye ukingo wake pengo linaloingia vidole viwili. Nilichutama nikaviingiza.

Askari ndiye aliyesema kwanza. Alikuwa akitazama pembeni ya mlango, bado macho chini kama alivyoamriwa.

"Hivi si viatu vyangu?" akasema.

Vilikuwa viatu vyake, makubadhi aliyoyatafuta tangu Ramadhani. Mkewe alikuwa akiyavaa kwendea majini. Tulikuwa tumesimama mlango wa nyuma wa nyumba yake, aliyoinunua babu yake kwa watu waliohamia Afrika, nyumba ambayo jana alinipitisha mbele yake mara mbili akinionesha matundu ya risasi.

Nilimwona anavyobadilika. Kwanza alifurahi kwa viatu. Kisha akanitazama, nikafahamu anafikiri nini: huyu amekuja kuchukua nyumba. Naye ndiye shahidi. Akikanusha tundu, akikanusha pengo, akasema milango yote ina mapengo, mimi ni wa kurudi kwa mbuzi. Akaweka mkono kwenye mwimo wa mlango.

Nikamwambia, kwa kile Kiarabu changu cha hotuba, kuwa naapa sitaki hata tofali moja. Nataka karatasi tu. Akauliza karatasi ya nyumba? Nikasema ya kupitia viwanja vya ndege. Akamtazama sheikh, sheikh akamtazama mama yake.

"Sema ulichokiona," bibi akamwambia. "Au niseme mimi nani alijificha kwenye lile tanuri siku ya kutahiriwa."

"Naona pengo," askari akasema upesi. "Naona tundu. Huyu ni mwenyeji."

Ijumaa haikungojwa. Barua iliandikwa alasiri ile, na mwezi haujaisha nikawa na pasipoti. Nilikaa Ibra, kisha kama kawaida yangu sikukaa. Nilikuwa karani wa ghala Sur mpaka harufu ya papa mkavu iliponichosha, nikaendesha gari la maji Nizwa, nikapanga chumba Manah karibu na mashamba, nikarudi Ibra. Kila niliporudi askari alinialika chakula, kwa wema kabisa, na kila nilipouegemea ukuta wake alitoka kuniuliza nimechoka au napima.

Na kila niliporudi nilikuta barua. Habari za bibi wa Ibra zilimfikia bibi yangu kwa mdomo wa wasafiri, naye akaanza kuamuru watoto wa jirani wamwandikie. Salamu zilikuwa mstari mmoja. Mistari iliyobaki ni vizingiti. Nilimsomea mama yake sheikh, naye akanituma nijibu, na hivyo vikongwe viwili vikagombana miaka minane, mimi nikiwa ni lile tundu la makaa. Barua ya mwisho ilikuwa fupi. Bibi yangu alisema macho yamekwisha, masikio bado, na nije nimwambie kwa mdomo, maana wakati huo kwenda kuzuru Unguja kulishawezekana. Nami nilijua nikiondoka safari hii sitorudi. Nchi nzima nilikuwa nimekwisha kuihamia.

Siku ya kuondoka niliomba nitokee njia ya nyuma nikahesabu. Bibi wa Ibra hakuweza tena kutembea. Aliletwa akakalishwa kwenye kiti mlangoni mwa askari, na askari akachukua sanduku langu, kwa furaha ambayo sijapata kuiona kwa mtu anayebeba mzigo wa mwenziwe, akatangulia kukohoa yeye. Alikohoa kwa sauti ya gwaride. Nyuma ya kuta wanawake wakacheka, mmoja akamwambia apewe tangawizi.

Nilitembea macho chini. Nilikanyaga pengo, nikapita tundu, nikalipita tanuri, nikahesabu taratibu hadi majini.

"Vingapi?" bibi akaita kutoka kule mlangoni.

"Vinne, bibi."

"Mwambie."

Nikasema nitamwambia. Nje ya lango dogo teksi ilikuwa inangoja kwenye mitende, na askari akaweka sanduku, akanikumbatia, akafunga mlango wa gari mwenyewe na kuujaribu kama umefunga sawasawa. Gari likaondoka. Tulikuwa hatujafika barabara ya lami nami nishaanza kujizoeza kusema vitatu.