Kitabu Kilichosema Ziwa Lilikauka

Hakuna kitu chini ya jua kinachoweza kunishtua mimi. Nasema hivyo nikiwa na akili zangu timamu. Niliishia darasa la tano kule Kibara, baba akanitoa shule nikavute nyavu. Leo nina duka la vifaa vya ujenzi hapa Manyamanyama, nyumba mbili za kupangisha na pikapu yangu mwenyewe, na hayo yote ni madogo ukiyalinganisha na yaliyomo kichwani.

Elimu yangu niliipata kwenye misumari. Misumari tunaifungia kwenye magazeti ya zamani, na magazeti hayo nanunua kwa kilo Musoma, kwa watu wanaoyazoa maofisini. Tangu siku ya kwanza nilijiwekea sheria kwamba gazeti halifungi msumari kabla sijalisoma. Mteja anasubiri, mimi namalizia aya. Ndivyo nilivyojua kuwa pweza ana mioyo mitatu, kuwa nyuki huelekezana njia kwa kucheza, kuwa kuna nchi jua halizami kwa wiki kadhaa, na jinsi benki inavyofilisika huku mlango uko wazi na walinzi wamesimama. Kweli, magazeti mengine yalikuwa yanakujaga yamechanika. Ugonjwa wa figo naujua mpaka dalili ya nne. Ya tano ilikuwa kwenye ukurasa ambao sikuwahi kuuona. Kesi moja kubwa ya mauaji niliifuatilia mpaka hakimu anafungua kinywa. Lakini pale kijiweni nani alikuwa na hata dalili moja?

Kijiwe chetu ni baraza lililo mkabala na duka langu. Saa kumi jioni muuza kahawa anatua birika lake, watu wanane au kumi wanakaa, ubishi unaanza. Kwa miaka kumi na minne ubishi ule ulikuwa unaishia kwangu. "Mwiteni mzee wa misumari," wanasema, nami navuka barabara taratibu, sikimbii, nanywa kwanza funda moja, ndipo nahukumu.

Halafu akaja fundi cherehani.

Alitoka Kitaji, Musoma, akaoa huku, akapanga fremu ileile yenye baraza letu. Mtu mwembamba, mpole, Mwislamu wa swala tano, miwani imefungwa uzi wa cherehani. Huyu hakusoma magazeti. Alisoma vitabu, vizima, vyenye mwanzo na mwisho. Akisubiri pasi ipate moto, anasoma. Mteja akivua shati, anasoma. Kila mwezi alikuwa anakwenda Butiama kushona sare za kwaya, na huko kulikuwa na mama mmoja, mjane wa mwalimu, aliyekuwa anamwazima vitabu vya marehemu.

Mwanzoni nilimdharau. Kisha siku moja nikasikia muuza kahawa akisema, "Ngoja, tumuulize fundi." Nilikuwa nimeshavuka nusu ya barabara. Nikasimama pale katikati kama mbuzi, bodaboda zinanipigia honi, nikajifanya nakwenda kununua vocha.

Tangu hapo sikulala vizuri tena. Kilichoniuma ni namna alivyojua, wala si wingi wa anayoyajua. Ukimuuliza jambo, anakupa na sababu yake, na sababu ya sababu. Akiwa hajui anasema, "Hilo sijalisoma," na watu wanatikisa vichwa kana kwamba amesema neno la maana. Mimi miaka kumi na minne sijawahi kusema sijui, na hakuna aliyenitikisia kichwa.

Jumatatu moja mchuuzi wa dagaa alikuwa analalamika samaki wamepungua, ziwa litakwisha hili. Fundi akasema, bila hata kuinua macho kwenye pindo la suruali, "Liliwahi kwisha. Zamani sana ziwa hili lilikauka lote. Pale katikati palikuwa majani matupu."

Nilicheka mpaka kahawa ikanitoka puani.

"Fundi," nikamwambia, "wewe ziwa unalijua kwa kula sato. Mimi nimezaliwa ndani yake. Likauke liende wapi?"

"Mimi nimesoma tu, kaka. Watu walichimba udongo wa chini, wakaona."

"Walizama na majembe?"

"Hao sangara walikuwa wanatembea kwa mguu, mura?" akadakia mchuuzi wa dagaa, na baraza zima likaangua kicheko.

Nikaona huu ndio wakati wa kummaliza. Nikasimama. "Lete hicho kitabu Ijumaa. Kikisema hivyo, kahawa ya kijiwe hiki nalipa mimi wiki mbili, kila mtu vikombe viwili. Kisiposema, unalipa wewe."

"Mimi siweki dau, dini yangu hairuhusu," akasema. "Lakini nikikuta nimekosea, nitaomba radhi mbele ya hawa wote. Kitabu nimesharudisha Butiama. Alhamisi nakifuata."

Sasa nisikilize, maana hapa ndipo wengi wangekaa na kungoja. Mimi Jumanne asubuhi niliwasha pikapu nikaenda Butiama.

Yule mama nilimkuta anaanika mihogo. Nikamwamkia, nikajieleza kuwa ni mpenzi wa vitabu. Akanitazama mikono, kisha pikapu.

"Unataka kipi, baba?"

Hapo ndipo nilipogundua kuwa jina la kitabu sikuuliza. "Cha ziwa," nikasema.

"Cha ziwa kipi? Marehemu alikuwa nayo maziwa mengi humo. Mimi sichambui, baba. Nataka kile chumba nipangishe. Beba vyote au uache vyote."

Nikabeba vyote. Magunia matatu. Nilipokuwa nafunga kamba akauliza, "Na yule fundi wangu akija nimwambie nini?" Nikamjibu amwambie vimeuzwa tu, mnunuzi asimtaje.

Siku mbili duka niliendesha kwa mkono mmoja, mwingine umeshika kitabu. Nilikuwa natafuta kukificha, na ili nikifiche ilibidi nikijue, na ili nikijue ilibidi nisome. Mara ya kwanza maishani nilisoma sura, nikageuza, nikakuta sura nyingine inaningoja. Alhamisi mchana, kwenye kitabu kilichopauka jalada, nikakikuta. Ziwa letu lilikauka, tena maelfu ya miaka kabla hajazaliwa babu wa babu yangu. Niliangalia upande wa Kibara nikajaribu kuondoa maji yote. Yalikataa kuondoka. Kisha nikakiweka kitabu chini ya kaunta, juu yake nikatua boksi la bawaba.

Ijumaa, baada ya swala, fundi akaja kijiweni mikono mitupu.

"Ndugu zangu," akasema, "kitabu hakipo, vimeuzwa vyote. Sina ushahidi. Niliahidi, basi naomba radhi. Na kwako kaka, samahani kwa kubishana na wewe."

Nilitegemea kelele. Badala yake muuza kahawa akamwekea kikombe bila kuombwa. "Huyu ndiye msomi," akasema. "Msomi anajishusha." Mchuuzi wa dagaa naye, aliyemcheka Jumatatu, akasogea kumpisha mahali pazuri pa kukaa. Pangu.

Wivu ulionipata pale sijawahi kuupata kwa mwenye gari wala kwa mwenye ghorofa. Nilimwonea wivu kwa kushindwa! Nikajiambia, kama kujishusha ndiko kunakolipa, mimi nitajishusha kuliko yeye. Nikavuka barabara, nikachomoa kitabu, nikarudi na kuwasomea ukurasa mzima kwa sauti ya kanisani. Nikafunga kitabu. Nikangoja watikise vichwa.

"Kumbe fundi ulikuwa sahihi!" mchuuzi wa dagaa akapiga kelele, na wote wakamgeukia fundi.

Muuza kahawa peke yake ndiye aliyeniangalia. "Umekitoa wapi?"

"Nimekinunua."

Fundi akakipokea, akafungua ndani ya jalada, akaona mwandiko wa yule mwalimu. "Vyote umechukua wewe?"

"Vyote."

"Alhamdulillahi. Nilidhani vimekwenda kuwashia moto." Akacheka, kweli akacheka, bila sumu. "Basi nitakuwa nakuja kuazima kwako, kaka. Pale dukani ni karibu kuliko Butiama."

Anakuja kila Jumamosi. Namwazima, ningefanyaje mbele ya watu? Ila hakitoki kitabu dukani kabla mimi sijakimaliza, na ninapoona anakaribia kunipita, namwambia bado nasoma. Anasubiri, anatabasamu. Hilo tabasamu nalo sijui alilinunua wapi.

Kujishusha kwangu kumenigharimu hivi: vitabu laki mbili na elfu themanini, mafuta ya kwenda Butiama na kurudi elfu thelathini na tano, kahawa ya wiki mbili, maana dau ni dau, elfu arobaini na nne na mia nane. Yaani shilingi laki tatu, elfu hamsini na tisa na mia nane.