Dai Moja kwa Kila Nyumba

Wifi yangu Verna ameshiriki kesi sitini na tatu na hajawahi kukanyaga mahakamani. Kampuni za samaki wa kopo zilipopanga bei kwa siri, Verna alikuwa miongoni mwa waliodhulumiwa. Sabuni iliyoandikwa kwamba haina kemikali, kumbe imejaa kemikali, Verna alidhulumiwa. Viazi vya pakiti vilivyokuwa nusu hewa, shuka zilizodanganya idadi ya nyuzi, humo mote, kama anavyopenda kusema mwenyewe, "nimo." Wakili asiyemjua anashtaki huko mbali kwa niaba ya wateja wote, kampuni inachoka kubishana na kukubali kulipa, na miezi kadhaa baadaye mtu wa posta anapita hapa kwetu mjini Erie, kwenye theluji, kumletea Verna hundi ya dola nne na senti kumi na mbili.

Nimemcheka miaka tisa na sijamaliza. Mimi ni Irma, dada mkubwa wa mumewe, mjane, na ninaishi ng'ambo ya barabara, kwa hiyo kumcheka wifi ni haki yangu na nafasi ninayo.

Kila Jumanne asubuhi Verna hukaa mezani jikoni na kompyuta yake, anapitia kesi zilizokwisha suluhishwa na ambazo fidia bado iko wazi. Anaandika jina la bidhaa, miaka inayohusika na tarehe ya mwisho ya kudai. Aliendesha basi la shule miaka thelathini na moja, na madai yake huyachunga vilevile, anahesabu wanaopanda na wanaoshuka. Risiti anazo kwenye makopo ya biskuti, kila mwaka na kopo lake.

Halafu Jumapili, tukitoka misa, tunakula kwake sisi watatu, yeye, mdogo wangu Emmett na mimi. Tukimaliza nyama anatoa daftari, na hakuna keki mpaka orodha iishe.

"Nani alinunua dawa ya meno ya mkaa kati ya mwaka wa kumi na nane na wa ishirini na moja?"

"Mkaa mimi nauweka kwenye jiko la kuchomea nyama," Emmett anajibu.

"Wifi?"

"Niliinunua mara moja. Au niliiona tu dukani, sina hakika."

"Kuona si kununua. Tunaendelea."

Hapo ndipo heshima yake ilipo, lazima niseme. Mwishoni mwa kila fomu pana sentensi ya kuapa kwamba uliyojaza ni kweli, na ukidanganya ni kosa la jinai. Wengi wanaipita tu. Verna anavua miwani, anaifuta, anaisoma upya kana kwamba jana waliibadilisha. Jirani yetu mmoja alitaka amjazie dai la chakula cha mbwa, ilhali hajawahi kufuga hata kuku. Verna alimwambia, "Niletee mbwa kwanza, tuzungumze naye."

Emmett yeye aliita kazi hiyo kuokota senti. Alifanya kazi kwenye kiwanda cha vichwa vya treni maisha yake yote na anaamini kwamba pesa isiyokutoa jasho haina maana. Kila hundi ikija anaishika kwa vidole viwili na kumuuliza mkewe kama sasa wahamie Florida kwenye jua, kama wastaafu matajiri.

Sasa sikiliza aibu yangu. Miaka miwili iliyopita, mwezi wa Januari, Emmett alikuja kwangu bila kofia, akakaa, akaniambia kwamba amesimamisha gari njiani kwenda kanisani, kanisa alilobatiziwa, na hakujua akate kulia au kushoto. Alikaa pale mpaka mtu wa nyuma akapiga honi. Mama yetu alimaliza miaka yake sita ya mwisho akimwita Emmett kwa jina la muuza nyama, kwa hiyo hatukuhitaji kuelezana zaidi.

"Verna asijue," akasema. "Niapie, dada."

Nikaapa. Ningefanyaje? Wiki iliyofuata alikuwa ameagiza vidonge vya kumbukumbu alivyoviona kwenye televisheni, dola arobaini chupa, na vikawa vinaletwa kwangu kila mwezi. Anavuka barabara kila asubuhi kusema amekuja kuniangalia, anameza kimoja kwa maji ya bomba langu, anarudi nyumbani. Verna alikuwa akinisifia mbele za watu jinsi mdogo wangu anavyonijali, na mimi nilikuwa nainamisha kichwa.

Basi Februari mwaka huu ikaja kadi ya posta kwangu, yenye jina la Emmett. Kampuni ya vidonge imeshtakiwa, haikuweza kuthibitisha kwamba vidonge vyake vinafanya lolote, imekubali kulipa. Kumbukumbu za mauzo zinaonyesha kwamba wewe, Emmett Dombrowski, ulinunua chupa ishirini na nne. Dola sita kwa kila chupa, risiti haihitajiki.

Nilimsomea. Nilimwonea huruma, kwa sababu kuambiwa kwamba vidonge havifanyi kitu ni jambo moja, na kumeza kimoja dakika tano kabla ya kuambiwa ni jambo jingine.

Halafu akasema, "Ishirini na nne mara sita ni ngapi?"

"Mia moja arobaini na nne."

"Hm," akasema mtu asiyeokota senti.

Lililomtisha lilikuwa Jumapili. Verna hakosi kitu, angeisoma tu ile kesi kwenye orodha, angeuliza nani alinunua, na Emmett angepaswa kumdanganya machoni. Alijizoesha kwangu jinsi ya kusema "vidonge gani?" mpaka nikamwambia anazidisha. Jumapili ikafika. Verna akasoma juisi, akasoma betri, akasoma bima ya simu, akafunga daftari, akakata keki. Jumapili iliyofuata vilevile.

"Imempita," Emmett aliniambia, na alikuwa amefurahi kama mtoto. "Mke wangu ameanza kuzeeka, dada."

Mimi nilishangaa lakini sikufikiri zaidi, na hapo nami nilikuwa mjinga.

Alijaza fomu kwenye kompyuta yangu, mwenyewe, mimi nikimenya viazi. Nilimwambia mara mbili aandike anwani yangu, hundi ije kwangu. Akasema sawa. Alipofika kwenye sentensi ya kiapo aliniita nimsomee, akavua miwani, akaifuta. Nilijua amejifunza wapi.

Wiki tano zikapita. Siku moja, saa tano na robo asubuhi, simu yangu ikalia.

"Wifi, vuka barabara," alisema Verna. "Na usije ukajifanya hujui."

Nilivuka na viatu vya ndani. Emmett alikuwa amekaa mezani amekunja mikono, na barua ilikuwa kati ya chumvi na siagi, imeandikwa majina yao wote wawili. Anwani, kumbe, aliandika yake. Alikuwa ameniambia sawa na dakika hiyohiyo akasahau. Verna aliisoma kwa sauti, polepole, sauti yake ya basi. Msimamizi wa fidia amepokea madai mawili kutoka nyumba moja. Kanuni inaruhusu dai moja tu kwa kila nyumba. Wakubaliane, wajaze fomu moja yenye chupa zote, waweke sahihi wote wawili na kuirudisha ndani ya siku ishirini na moja, ama sivyo yote mawili yatatupwa.

"Chupa ngapi?" akauliza.

Emmett akanitazama. Mimi nikatazama friji.

"Ishirini na nne."

"Zilikuja wapi? Hapa hakijapita kitu nisikione."

"Kwa dada."

Akanigeukia. "Miaka miwili, wifi. Unakula keki yangu kila Jumapili."

"Keki ilikuwa nzuri," nikasema.

Emmett alikuwa ameivuta ile barua na kuisoma mwenyewe, kidole juu ya mstari. "Hapa wanasema madai mawili," akasema. "Moja ni langu. Hili jingine la nani?"

Verna akapangusa meza, na meza ilikuwa safi. "Langu."

"Wewe? Unanunua vidonge vya kumbukumbu wewe, unayekumbuka soksi nilizovaa siku ya posa?"

"Zilikuwa za kijani, na moja ilitoboka. Sikujinunulia mimi." Akaketi. "Nilikuwa navisaga na mgongo wa kijiko. Naweka kwenye uji wako."

Emmett aliinua nyusi. "Ndiyo maana ule uji ulikuwa kama chokaa."

"Ulikuwa unaniambia mtamu."

"Ningekuambiaje? Nilidhani umeanza kusahau kupika."

Mimi nilicheka, Mungu anisamehe. Mtu alikuwa anakula dozi mbili kila asubuhi, moja kwa mkewe na moja kwa dada yake, na bado Jumamosi iliyotangulia alipotumwa maziwa alirudi na betri. Verna naye akacheka, akacheka mpaka akashika ncha ya aproni na kufuta macho, na baadaye niliona hakuwa anacheka tena.

"Tangu lini?" Emmett akamuuliza.

"Mkesha wa Krismasi ya mwaka juzi. Uliiona ile sahani ya ziada tunayomwekea mgeni kila mwaka, ukaniuliza kama mama yako amechelewa. Nikakwambia Mama alifariki miaka kumi na moja iliyopita. Ukasema ndiyo, najua. Baada ya supu ukauliza tena."

Hakukumbuka. Nilimwona akitafuta, macho kwenye kitambaa cha meza, na hakukuta kitu. Iliniuma vibaya sana, kwa sababu nami nilikuwepo usiku ule, nilisikia mara zote mbili, nikaongeza supu na kunyamaza.

"Mbona hukuniambia?" akasema.

"Na wewe?"

"Niliogopa utanitazama kama tulivyokuwa tukimtazama Mama."

"Nimekutazama hivyo mwaka mmoja na miezi mitatu," Verna akasema. "Uliona tofauti?"

"Hapana."

"Basi."

Akainuka, akaleta makopo ya biskuti ya miaka hiyo miwili, akamwaga risiti zake za duka la dawa mezani. Kumi na tano, zimebanwa kwa kibanio. Akajumlisha kichwani. "Zako ishirini na nne na zangu kumi na tano, thelathini na tisa. Mara sita. Mia mbili thelathini na nne."

"Mia mbili thelathini na nne," Emmett akarudia kwa heshima, na mkono wake ukaifuata kalamu. Verna akaisogeza kalamu upande wake.

"Simu kwanza."

"Simu gani?"

"Ya daktari. Siweki sahihi mpaka niisikie tarehe kwa masikio yangu. Siku ishirini na moja si nyingi, mzee wangu."

"Mwanamke huyu ananiuza kwa dola mia mbili," aliniambia mimi.

"Na thelathini na nne," Verna akasema. "Samaki wa kopo walileta nne tu."

Alipiga. Tulikaa pale wanawake wawili tukimsikiliza akitaja jina lake, tarehe yake ya kuzaliwa na sababu ya kutaka kuonwa, na alipofika kwenye sababu akaisema mara mbili, ya pili kwa ukamilifu. Kisha Verna akavua miwani, akaifuta, akaweka sahihi.

Daktari hakutudanganya. Ugonjwa wa kusahau umeanza, alisema, uleule wa Mama. Kuna dawa za kuupunguza mwendo, za kweli hizi, na kuna mambo ya kupanga mapema. Gari sasa anaendesha Verna, na Emmett anakaa nyuma ya kiti chake anamlalamikia kwamba anasimama kila kona kana kwamba kuna watoto wa kupakia. Mimi nimeacha kuapa ovyo.

Hundi ilikuja Septemba. Waliodai walikuwa wengi kuliko ilivyotarajiwa, mawakili walichukua sehemu yao, na dola mia mbili thelathini na nne zikawa sitini na moja na senti kumi na nane. Verna aliiweka benki siku hiyohiyo, lakini kwanza alimruhusu Emmett avuke nayo barabara aje anionyeshe.

Aliiweka mezani kwangu akanihadithia kisa chote, chupa zilivyokuwa zinaletwa kwangu bila Verna kujua, barua ilivyokuja, uji ulivyokuwa kama chokaa. Anakihadithia vizuri kuliko mimi. Kesho yake akaja tena akanihadithia, na keshokutwa. Kila mara nacheka palepale, kwenye uji, na sijilazimishi, maana anavyofika pale anainua nyusi na huwezi kujizuia.

Juzi Jumapili, mezani, alianza tena, na alipofika kwenye barua akasimama. Akamtazama Verna. Hakujua kinachofuata. Verna akaweka daftari chini, akamwambia polepole habari za kijiko, na vidonge, na uji wake wa kila asubuhi. Emmett alicheka mpaka akashika meza. Hajawahi kukicheka kisa hicho hivyo, kwa sababu kwake ndiyo kwanza alikuwa anakisikia, na Verna aliposema imetosha, tule keki, Emmett akamwomba aanze tena kuanzia mwanzo.